Ushahidi Unaomgharimu Msemaji: Visasili na Historia, kutoka Mto Juba hadi Buffalo

Wazee wa Kizigua waliotoka Somalia, ambao watoto na wajukuu wao leo wanaishi Louisville, Columbus na Buffalo, husimulia habari za mwanamke aliyeitwa Wanakhucha. Wakati wa njaa kubwa, mababu walichukuliwa kutoka bara la Pangani na Handeni, katika Tanzania ya leo, kwa ahadi ya kazi na chakula, wakapakiwa majahazini, wakateremshwa pwani ya Benadir na kuuzwa ili walime mashamba ya bonde la Shabelle. Wanakhucha alikuwa na kipawa cha kuona yasiyoonekana. Akawakusanya watu wake, akawatorosha, akashika njia ya kusini ili awarudishe Uzigua. Walipofika bonde la Juba, ardhi ikatetemeka. Wanakhucha akasema hiyo ndiyo ishara: safari ikome, watu wakae papo hapo. Wakafyeka msitu, wakalima, na nchi ile ya Gosha ikawa kwao hadi vita vilivyoanza mwaka 1991 vilipowang'oa.

Mabibi na mabwana, simulizi kama hili huwakosesha watu wa aina mbili. Kuna anayesema ni hadithi tu, kwa kuwa mwanamke anayesoma tetemeko la ardhi hana nafasi katika historia. Kuna anayesema ni kweli tupu, kwa kuwa wazee wamenena na mkubwa hasemi uongo. Wote wawili wameharakisha hukumu. Simulizi ni shahidi, na shahidi akisimama barazani hatumkubali mzima mzima wala hatumfukuzi kabla hajamaliza. Tunamhoji, tunamlinganisha na wengine, tunatazama alama alizoziacha mtu mwingine asiyemjua. Na katika kuhoji huko ipo kanuni moja ambayo wazee wa baraza popote duniani wanaijua, nami nataka kuitetea leo kama kipimo cha visasili: neno linalomgharimu msemaji lina uzito kuliko neno linalomfaidi. Kisasili kinachokiri jambo ambalo jamii ingefurahi kulisahau kinastahili kuwa cha kwanza kuchunguzwa na mwanahistoria. Kisasili ambacho kila sehemu yake inamtajirisha anayekisimulia ndicho kinachohitaji kuhojiwa mara mbili, hata kama kimechapishwa kitabuni na kufundishwa shuleni.

Tuanze na Wanakhucha. Mwanaanthropolojia Bronisław Malinowski, aliyeishi na watu wa visiwa vya Trobriand, aliandika mwaka 1926 kwamba kisasili ni hati ya jamii: hakielezi yaliyopita, bali huhalalisha yaliyopo, hasa umiliki wa ardhi na vyeo. Ni hoja nzito, na mahali pengi ni ya kweli. Lakini itazame Gosha. Wakulima wa bonde la Juba walihitaji hati ya ardhi kuliko karibu watu wote wa Somalia. Sheria ya ardhi ya mwaka 1975 iliwapa nafasi wenye vyeo na fedha kujiandikishia mashamba ambayo wenyeji walikuwa wakiyalima kwa vizazi kadhaa, na neno lililotumika kuwadharau lilikuwa hilohilo la ugeni na utumwa. Kama kisasili ni hati tu, simulizi lenye faida lingekuwa: sisi tumeota hapa, mto huu ulitukuta. Badala yake Wazigua walitunza simulizi linalosema tulitoka mbali, tuliuzwa, na hata hapa hatukukusudia kukaa. Huo ni ushahidi uliowaumiza kwa zaidi ya miaka 100, na bado hawakuutupa. Ndiyo maana, hata kabla ya kutafuta ushahidi mwingine, nina sababu ya kuuamini. Na ushahidi mwingine upo. Historia ya Uzigua ina njaa ya miaka ya 1830, wakati watu walipojiweka rehani na kuuzana ili wapate kula. Lugha ya Kizigua iliyosemwa karibu na Jamaame haikuachana sana na ile ya Handeni, kiasi kwamba wakimbizi waliofika Tanga miaka ya 1990 walielewana na wenyeji. Dundas, afisa wa jeshi la majini la Uingereza, alipoupanda mto Juba mwaka 1892, alikuta jamii kubwa ya wakulima waliotoka utumwani wakijitawala, katika siku ambazo jina la Nassib Bundo, aliyekuwa na asili ya Kiyao, lilijulikana bonde zima. Tetemeko lenyewe sina haja ya kulipigania. Linatunza jambo gumu zaidi kulikiri, yaani kwamba nia ya kurudi nyumbani iliachwa njiani na lazima sababu itolewe.

Pingamizi la kwanza linakuja mara moja. Mtu atasema: asili hiyo ya Tanzania ndiyo iliyowafaa Wazigua baadaye, kwa kuwa katika miaka ya 1990 waliomba wapokewe Tanzania, na mwaka 1999 Marekani ikakubali kuwapokea kama kundi lililoteswa, wakahamishwa kutoka kambi ya Dadaab hadi ya Kakuma, nchini Kenya, mwaka 2002, na kuanzia mwaka 2003 watu wapatao 12,000 wakasafirishwa kuja huku. Basi je, si simulizi lililotungwa kwa ajili ya fomu za wakimbizi? Jibu liko kwenye tarehe. Mwitaliano Vinigi Grottanelli alichapisha mapokeo ya Wazigua wa Juba mwaka 1953, wakati hakuna serikali yoyote iliyokuwa ikimpa mtu nauli kwa sababu ya babu yake. Lee Cassanelli na Francesca Declich walifanya kazi juu ya jamii hizo katika miaka ya 1980, kabla ya vita. Simulizi lilikuwepo wakati halilipi chochote. Na tukumbuke kwamba halikuwa la wote: miongoni mwa wanaoitwa leo Wabantu wa Somalia wapo wenye asili ya Kiyao, Kimakua, Kimakonde na wengineo, na wapo ambao mababu zao walikuwa bonde la Shabelle kabla ya biashara hiyo. Kumvika kila mmoja wao vazi la Wanakhucha ni kulidhulumu simulizi lenyewe.

Sasa tuteremke pwani, tukipime kipimo hiki mahali kinapopata taabu. Habari za Kilwa zimetufikia katika maandishi ya aina mbili ya zamani: ile ya Mreno João de Barros, iliyochapishwa mwaka 1552, na ile ya Kiarabu ambayo nakala yake ilinakiliwa Zanzibar mwaka 1877 kwa ajili ya balozi John Kirk. Katika ya Kiarabu, mtawala wa Shiraz na wanawe wanaondoka kwa majahazi saba, kila jahazi likitia nanga mahali pake, na Kilwa inanunuliwa kwa kitambaa cha kukizunguka kisiwa chote. Katika ya Barros, Ali ni mwana wa mtumwa wa Kihabeshi, akidharauliwa na ndugu zake waliozaliwa na mama wa ukoo. Hapa kuna maneno ya namna mbili yaliyofungwa pamoja. Nasaba ya Shiraz ni faida tupu kwa watawala. Kwa kipimo changu inastahili shaka, na kwa kweli wanahistoria wengi wa karne ya 20 waliitilia shaka. Mama mtumwa, na kisiwa kilichokuwa na mwenyewe kabla ya wageni, ni maneno ya gharama. Kisha ushahidi wa nje ukaja. Mwaka 1984 huko Mtambwe Mkuu, Pemba, zilifukuliwa sarafu za fedha zaidi ya 2,000, na baadhi yake zina jina la Ali bin al-Hasan, katika hazina ya karne ya 11, wakati Neville Chittick alikuwa ameusogeza mwanzo wa nasaba hiyo hadi karibu mwaka 1200. Mwaka 2023 jarida la Nature lilitoa uchunguzi wa vinasaba vya watu 80 wa kale, wengi wao wakiwa wamezikwa katika miji ya pwani kama Mtwapa, Manda, Songo Mnara na Kilwa, kazi ambayo Chapurukha Kusimba wa Kenya alishiriki. Ilionekana kwamba wanaume kutoka Uajemi walichanganyika kweli na wanawake wa Kiafrika kuanzia karibu mwaka 1000.

Kwa hiyo sehemu yenye faida nayo ilikuwa na kiini, na ni haki kulisema hilo waziwazi. Kipimo changu hakiwezi kutangaza kwamba neno lenye faida ni uongo. Kinatuonyesha tu ni lipi lianze kuhojiwa. Tazama pia kile ambacho simulizi la Kilwa lilikinyamazia kwa sababu hakikuwafaidi watawala. Kwa wengi wa waliochunguzwa, zaidi ya nusu ya asili yao ni ya Afrika, na imepitia kwa kina mama hasa. Watoto wa baharia wa Kiajemi walisema lugha ya mama zao, nasi tunaisema hadi leo, hata hapa Beechmont, Louisville. Kisasili kilimkumbuka baba na jahazi lake. Mama, aliyekuwa mwenye kisiwa, mwenye lugha na mwenye jamaa wa kumhifadhi mgeni, akabaki katika ule ukiri mdogo wa kitambaa. Anayesoma habari za Kilwa bila kusimama kwenye kitambaa hicho ameiacha nusu ya historia ya Waswahili.

Turudi sasa huku Marekani. Wengi wenu mnaijua Iroquois Park, iliyo jirani na mtaa huu. Watu waliobebeshwa jina hilo, wanaojiita Haudenosaunee, makao yao yako kaskazini, na Waseneca miongoni mwao ndio waliokuwa wenyeji wa ardhi ambayo juu yake Buffalo imejengwa. Simulizi lao la mwanzo linasema mataifa matano, Mohawk, Oneida, Onondaga, Cayuga na Seneca, yalikuwa yakiuana kwa kisasi kisichokwisha. Akaja Mleta Amani, akampata mwanamke Jigonsaseh aliyekuwa wa kwanza kuipokea amani, akampata Hiawatha aliyekuwa amefiwa na wanawe. Wote wakaenda kwa Tadodaho, mtu katili mwenye nyoka katika nywele, na Hiawatha akazichana nywele hizo. Waseneca walisitasita hadi jua lilipopatwa. Mwaka 1997 Barbara Mann na Jerry Fields walitumia kupatwa huko kudai kwamba muungano uliundwa tarehe 31 Agosti 1142; wengine hupendelea kupatwa kwa mwaka 1451, na wapo wanaakiolojia wanaouweka baadaye zaidi, kwa sababu ya vijiji vilivyozungushiwa ngome za miti vinavyoonyesha kwamba vita viliendelea. Mimi sioni kwamba ugomvi huu wa tarehe unalidhoofisha simulizi. Ngome hizo zinathibitisha lile neno la gharama, kwamba kabla ya kuwa ndugu walikuwa wauaji wa wenzao. Watu wanaotunga hati ya kujisifu hawaanzi na mauaji waliyoyafanya wenyewe, wala hawampi yule mtu wa nyoka kiti cha heshima, na cheo cha Tadodaho kipo hadi leo katika baraza lao.

Msikilizaji makini ameshaona pingamizi la pili, ambalo ndilo linalonipa kazi kubwa. Mwanamke anayetangulia wengine, ishara kutoka mbinguni au ardhini, watu wanaobadili mwelekeo: mambo haya yametokea Juba na yametokea kwa Haudenosaunee. Kama picha ileile inaonekana kwa watu wasiojuana, je, si akili ya binadamu tu inayojirudia? Luc de Heusch aliibeba hoja hii hadi mwisho katika kitabu chake cha mwaka 1972 kuhusu visasili vya Waluba wa Kongo na majirani zao. Kwake yeye, Nkongolo mfalme mkali, Mbidi Kiluwe mwindaji mgeni kutoka mashariki, na mwanawe Kalala Ilunga si watu waliowahi kuishi, bali ni fikra kuhusu ukame na mvua, kuhusu ukatili na adabu. Nakubali nusu. Picha husafiri, au huzaliwa popote penye watu, na anayetaka kumtafuta Mbidi Kiluwe kwenye kaburi fulani atachoka bure. Lakini kilichovikwa picha hizo ni kitu kingine. Wanaakiolojia, kwanza huko Sanga kandokando ya ziwa Kisale mwaka 1957, kisha Pierre de Maret katika miaka ya 1970, walifukua makaburi ya bonde la Upemba, na huko Kamilamba alionekana mtu aliyezikwa na shoka la heshima na fuawe zaidi ya miaka 1,000 iliyopita, vitu ambavyo baadaye sana vilikuwa alama za utawala katika eneo hilo. Utawala wenyewe, basi, ni wa kale kuliko nasaba inayosimuliwa. Kisasili cha Waluba kinakiri kwamba mtawala wao wa sifa alikuwa mtoto wa mgeni aliyempindua mjomba wake, Nkongolo. Na kinakiri hivyo mbele ya Mbudye, watunza kumbukumbu wa ufalme, ambao kwa ubao wa lukasa wenye shanga walikuwa na mamlaka ya kumkumbusha mfalme masharti ya kiti chake. Picha ya mwindaji inaweza kuwa ya dunia nzima. Sharti lililowekwa juu ya mfalme ni la Waluba.

Sasa nije kwenye visasili ambavyo havifanani na visasili. Takriban kilomita 60 mashariki ya Columbus, karibu na mji wa Newark, kuna matuta makubwa ya udongo yenye umbo la duara na la pembe nane, yaliyojengwa miaka 2,000 hivi iliyopita, na mwaka 1982 Ray Hively na Robert Horn walionyesha kwamba yamepangwa kufuata mwendo wa mwezi katika mzunguko wake wa miaka 18.6. Walowezi walipoyakuta walisema hayawezi kuwa kazi ya Wahindi Wekundu. Lazima yalijengwa na taifa jingine lililostaarabika, likaangamizwa na washenzi. Mwaka 1830, akiitetea mbele ya Bunge sera ya kuwahamisha wenyeji kwa nguvu, Rais Andrew Jackson alilitumia jambo hilo: kama hao nao walifuta taifa lililowatangulia, kwa nini wao wasifutwe? Hapa Kentucky mwenzake ni John Filson, ambaye kitabu chake cha mwaka 1784 kilibeba uvumi wa Wahindi wenye asili ya Wales, wazao wa mwanamfalme Madoc. Sambamba na uvumi huo likakua dai kwamba Kentucky ilikuwa uwanja wa kuwinda tu, haikukaliwa na mtu, ingawa Washawnee walikuwa na kijiji cha Eskippakithiki katika eneo ambalo leo ni wilaya ya Clark. Tumia kipimo. Neno gani katika simulizi hizi linamgharimu mlowezi? Hakuna hata moja. Kila sentensi inampa ardhi. Cyrus Thomas wa Smithsonian alizivunja hoja za matuta mwaka 1894, na mwaka 2023 matuta hayo yaliingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO kama kazi ya mababu wa wenyeji. Ilikuwa imepita zaidi ya miaka 60 tangu hotuba ya Jackson hadi ripoti ya Thomas, na katika miaka hiyo watu walishahamishwa.

Kwa walio hapa kutoka Rwanda, Burundi na Kivu sihitaji kueleza kwa urefu kwamba Afrika nayo iliandikiwa kisasili cha namna hii. John Hanning Speke, katika kitabu chake cha mwaka 1863, alidai kwamba watawala wa Maziwa Makuu lazima walitoka Uhabeshi, kwa kuwa hakuweza kuamini kwamba dola alizoziona ziliundwa na wenyeji. Wamisionari wakalichukua dai hilo, shule zikalifundisha, utawala wa Ubelgiji ukagawa vitambulisho vya makabila katika miaka ya 1930. Mwezi Novemba 1992 Léon Mugesera akahutubia mkutano huko Rwanda akitaka Watutsi warudishwe Uhabeshi kwa njia ya mto Nyabarongo. Hili ndilo pingamizi la tatu, na ni zito kuliko yote: visasili vya asili vinaua, basi afadhali tuviache kabisa. Nalielewa, na anayelisema kwa sababu amezika watu wake ana haki ya kuheshimiwa. Hata hivyo, kilichoua hapo ni dhana ya msafiri mmoja iliyopita mbele ya wasomi bila kuhojiwa kwa sababu ilikuja na kalamu. Masimulizi ya wazee yalikuwa na mengine ya kusema, kuhusu koo zilizojumuisha watu wa makundi yote na wafalme waliotegemeana na wakulima na wafugaji, lakini yaliachwa nje ya mtaala. Tukinyamaza kuhusu asili zetu hatutakuwa na amani, maana nafasi hiyo itajazwa na aliye tayari kusema kwa sauti kubwa.

Kuna tahadhari moja ambayo David Henige ameitilia mkazo tangu miaka ya 1970: maandishi huingia mdomoni mwa wasimuliaji. Mzee husoma, au husomewa, kisha hurudisha kitabu kama mapokeo. Jambo hili sasa linatuhusu moja kwa moja. Kabla wakimbizi hawajafika, mashirika ya Marekani yalisambaziwa kijitabu kilichoeleza habari za Wabantu wa Somalia, na Wanakhucha yumo. Kijana wa Columbus anayeisimulia leo huenda ameipata kwa bibi yake, huenda ameipata kwenye karatasi ya ofisi, na miaka 20 ijayo hataweza kutenganisha. Declich alionyesha kwamba masimulizi ya wanawake na ya wanaume wa Juba hayafanani. Kijitabu kina moja tu. Kwa hiyo kinachotakiwa kurekodiwa Louisville, Columbus na Buffalo ni tofauti: nani anasimulia, wa ukoo gani, alimsikia nani, na wapi wawili hawakubaliani. Daniel Biebuyck alipoandikiwa utenzi wa Mwindo huko Unyanga, Kongo, mwaka 1956, alilichapisha jina la msimuliaji, Shé-Kárisi Rureke, na kwa sababu hiyo tunaweza kuulinganisha na wasimuliaji wengine bila kudhani kuna Mwindo mmoja tu aliye sahihi. Safari ya kutoka Dadaab hadi Kakuma na kutoka Kakuma hadi hapa tayari imeanza kupata umbo la kisasili, yenye mwanzo mzuri na mwisho mzuri, huku waliohusika bado wapo hai na majalada bado yapo. Anayeanza kurekodi asianze na shukrani za kufika Marekani. Aulize kwanza kuhusu orodha zilizoandikwa Dadaab: nani aliandikwa, nani aliachwa, na familia iliyopanda ndege imewaambia nini waliobaki.